Onyesho la Kwanza ni la Wenyewe

(Hii ni hotuba niliyoitoa mbele ya watengenezaji wa dokumentari. Waliokosa nafasi ukumbini wameiomba, kwa hiyo naiweka yote. Vipande vya filamu nilivyoonyesha havimo humu. Vilivyo muhimu nimevieleza kwa maneno.)

Mwenyekiti, wazee wetu mliotutangulia katika kazi hii, wenzangu wa kamera, wa sauti na wa meza ya uhariri, na ninyi vijana mliokaa chini pale mbele kwa sababu viti vimekwisha: hamjambo?

Nina swali, na naomba kila mmoja alijibu kimoyomoyo. Filamu yako ya mwisho, nani aliiona kwanza? Simaanishi mkeo au mumeo, wala mhariri wako. Namaanisha onyesho la kwanza, lenye watu na viti. Lilikuwa wapi? Kwenye tamasha? Ubalozini? Kwenye ofisi ya mfadhili? Na yule mama aliyekufungulia mlango, akakuonyesha alama ukutani za mahali maji ya mvua yalipofika, yeye aliiona lini? Au hajaiona mpaka leo?

Mmenyamaza. Basi tuna kazi.

Mimi natengeneza filamu za mambo ya karibu. Diwani aliyeahidi mtaro. Uwanja wa umma ulioota uzio usiku. Zahanati yenye jengo na isiyo na daktari. Katika filamu zangu hamna marais na hamna vita. Siasa ninayoifuata ni ya watu wanaokutana msibani, wanaojuana kwa majina na kwa madeni. Na hoja niliyokuja nayo ni moja tu: filamu ya jambo la mtaa haijaisha siku uhariri unapoisha. Inaisha siku waliomo wanapoiona pamoja, wakiwa wamekaa ukumbi mmoja na wale wanaogombana nao. Tuzo, matamasha, televisheni, hizo ni ziada. Ziada nzuri, sikatai. Nami nalipa kodi ya nyumba.

Turudi nyuma hadi mwaka 1935, London, eneo la Stepney. Arthur Elton na Edgar Anstey wanatengeneza filamu fupi iitwayo Housing Problems, kuhusu nyumba mbovu za wafanyakazi maskini. Enzi hizo dokumentari ilizoea sauti ya bwana msomi aliyekaa studio, anayetueleza maskini wanaishije. Mitambo ya kurekodi sauti ilikuwa mizito, na kuipeleka hadi ndani ya vile vyumba vidogo ilikuwa adhabu. Wakaipeleka. Mpangaji akasimama ndani ya chumba chake mwenyewe, akaangalia kamera, akasema. Mama mmoja anasimulia kisa chake na panya, na namna anavyokisimulia, hakuna mwandishi ambaye angeweza kumwandikia.

Katika kikundi kile alikuwemo Ruby Grierson, dada yake John Grierson, mwasisi wa dokumentari ya Uingereza. Anakumbukwa kwa maneno aliyowaambia wapangaji: kamera ni yenu, maikrofoni ni yenu, haya, waambieni mabaradhuli hao maisha ya humu yakoje. Wahenga walisema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Kwa wapangaji wale kunguni hawakuwa methali.

Sasa swali la pili. Nani alilipa? Chama cha makampuni ya gesi cha Uingereza. Nyumba kuukuu zikibomolewa, zitajengwa mpya, na nyumba mpya zitataka majiko na mabomba. Je, filamu ilikuwa ya uongo? Hapana. Panya alikuwa panya kweli. Lakini itazameni tena kwa jicho la mtu wa siasa za mtaa. Wapangaji wanaeleza shida, kisha wataalamu wanaeleza suluhisho. Hakuna anayeuliza kwa nguvu nyumba zile ni za nani na kodi inaingia mfuko gani. Mfadhili hana haja ya kukuambia useme uongo, ndugu zangu. Anachohitaji ni swali moja tu uliache nje.

Mfadhili mmoja, ambaye simtaji, aliwahi kuniomba niondoe kipande kifupi sana. Ndani yake kulikuwa na kibao chenye jina lao, rangi mpya kabisa inayong'aa, na chini ya kibao bomba ambalo nyigu walikuwa wamejenga ndani ya mdomo wake. Nyigu hawajengi mahali panapotoka maji. Tulibishana kwa adabu. Kipande kikabaki, na fedha za filamu iliyofuata zikaenda kwa mwingine. Siwaambii hivyo ili mnipigie makofi. Nawaambia ili mjue bei yake mapema.

Sasa nataka kukaa kidogo mahali pamoja, maana ndipo nilipojifunzia nusu ya ninachokijua.

Mwaka 1967. Kisiwa cha Fogo, nje ya pwani ya Newfoundland, Kanada. Wavuvi na familia zao, kama watu elfu tano, wametawanyika kwenye vijiji vidogo vidogo. Samaki wamepungua. Wengi wanaishi kwa msaada wa serikali. Na serikali ya jimbo ina sera ya kuwahamisha watu wa vijiji vya mbali iwakusanye mahali ambapo huduma ni rahisi kufikisha. Mmewahi kusikia kitu kama hicho? Badilisheni jina la kisiwa, wekeni bonde, wekeni msitu, wekeni mtaa wa mabanda karibu na reli. Ni hadithi ile ile: watu wanapangiwa na ofisi isiyowahi kuwasikia.

Na watu wenyewe hawakuwa kitu kimoja. Dhehebu hili upande huu, dhehebu lile upande ule, shule zao mbalimbali, kila kijiji na manung'uniko yake. Kisiwa kimoja, lakini hawasikilizani.

Akaja Colin Low wa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, akishirikiana na chuo kikuu cha Memorial, ambako Donald Snowden aliongoza idara ya elimu kwa jamii. Low alikuwa fundi. Angeweza kutengeneza filamu moja nzuri ya kisiwa, yenye mawimbi, yenye machozi, ikazunguka dunia. Badala yake alitoka na filamu fupi 27.

Ishirini na saba! Kwa nini? Sisi wahariri tumezoea kukata maneno ya mtu na kuyapambanisha na ya mwenzake. Huyu anasema ndiyo, kata, yule anasema hapana, kata, msisimko unapanda. Low aliona kwamba ukifanya hivyo katika jamii ndogo, unawagombanisha watu watakaobaki kuishi pamoja wewe ukishaondoka. Kwa hiyo kila filamu akaiachia mtu mmoja, au shughuli moja, au jambo moja. Mvuvi anazungumza mpaka amalize. Basi. Kwenye tamasha ungesinzia. Lakini haikutengenezwa kwa ajili ya tamasha.

Kisha sikilizeni utaratibu. Aliyerekodiwa anaiona kwanza, na anakubali au anakataa isitoke. Halafu inaonyeshwa vijijini. Watu wanakaa gizani, wanamtazama mtu wa kijiji kingine ambaye miaka yote wamemjua kwa mbali, na wanagundua shida yake ni ile ile yao, na hasira yake ni ile ile. Taa zikiwashwa, wanajadiliana. Ni baada ya hapo tu ndipo filamu zinakwenda mji mkuu wa jimbo, mawaziri wakazitazama. Na waziri wa uvuvi, Aidan Maloney, naye akajibu mbele ya kamera, na jibu lake likarudishwa kisiwani likaonyeshwa.

Mmeona? Filamu ilikwenda na ikarudi. Nani kati yetu amewahi kumrekodi mwananchi akimuuliza waziri, akamrekodi waziri akijibu, kisha akalirudisha lile jibu kwa mwananchi na viti na projekta? Sisi huwa tunaishia katikati ya safari.

Watu wa Fogo hawakuhamishwa. Wakaunda ushirika wao wa uvuvi, na ushirika huo upo mpaka leo. Hapo ndipo watu wa fani yetu huanza kujisifu kwamba filamu iliokoa kisiwa. Polepole. Kamati ya wananchi ilikuwepo kabla kamera haijafika. Watu walikuwa wameshaanza kupigana. Kamera iliwakuta njiani ikawapunguzia umbali, baina yao wenyewe na baina yao na serikali. Hilo ni kubwa la kutosha, hatuna haja ya kuliongezea chumvi.

Nikayachukua hayo nikaenda kuyajaribu kwenye filamu ya mtaro niliyowatajia. Kulikuwa na watu wa juu, wanaotupa taka kwenye njia ya maji, na watu wa chini, wanaoamka usiku masufuria yakielea. Watu wa chini waliamini watu wa juu wana roho mbaya. Watu wa juu walikuwa hawajawahi kushuka kule wakati wa mvua. Tukatundika shuka jeupe kwenye ukuta wa shule, tukawaalika wote, na tukamwalika diwani.

Alikuja na wapambe wake, akakaa mstari wa mbele, mguu juu ya mguu. Filamu ikafika pale anapohutubia kampeni na kuahidi mtaro utakamilika kabla ya mvua. Ahadi ile alikuwa ameitoa mara nyingi kiasi kwamba watoto wanaikumbuka. Basi akaanza kusema kwenye shuka, na watoto wakaanza kusema pamoja naye, neno kwa neno, hadi ile kikohozi anachokohoa kabla ya neno "mvua". Watu wakaangua kicheko. Naye akacheka. Angefanyaje? Kicheko kilipotulia, mzee mmoja akainuka taratibu, akavua kofia, akauliza kwa heshima zote: "Mheshimiwa, mvua ipi?"

Nimewahi kupewa tuzo. Hakuna tuzo inayofanana na swali lile.

Na mkiniuliza matokeo: watu wa juu walipata siku ya kuchomea taka zao, jambo walilokubaliana wenyewe usiku ule bila kunihusisha. Mtaro umechimbwa nusu. Nusu ya pili bado inadaiwa.

Lakini filamu isiporudi nyumbani inakuwaje? Hapa nchi zetu za Kiswahili zina mfano wake, na wengi mnaukumbuka. Darwin's Nightmare, ya Hubert Sauper, ilitoka 2004. Mwanza, Ziwa Victoria. Sangara anakatwa minofu na kupelekwa Ulaya kwa ndege, kando ya ziwa kuna ufukara, na filamu inauliza ndege hizo huja na nini zinapokuja. Ilizunguka matamasha, ikateuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2006 Rais Jakaya Kikwete akaikosoa hadharani. Mwandishi wa habari wa huko aliyezungumza ndani ya filamu akajikuta akibanwa na vyombo vya dola.

Sitaki kuanzisha ule ugomvi upya hapa ukumbini, maana najua kuna wanaoipenda na kuna wanaoichukia, na baadhi yenu mmekaa viti vya jirani. Nauliza jambo moja tu. Kukinuka, nani anabaki pale? Mwongozaji ana pasipoti na tiketi. Mlinzi, mvuvi, mwandishi wa gazeti, wao wanabaki. Kwa hiyo kabla hujabonyeza kitufe, muulize mtu wako: nikiondoka, nani anaweza kukudhuru kwa maneno haya? Muulize kama ndugu, siyo kama wakili. Mara nyingi atakutajia jina. Jina lile ndilo linaloamua kama sura yake ionekane au isionekane.

Na hapo tunafika kwenye ridhaa. Jamani, ridhaa si karatasi. Tunazo fomu, tunazisambaza kama vipeperushi, mtu anaweka saini juu ya goti, tunasema tayari.

Frederick Wiseman alikuwa mwanasheria kabla hajawa mwongozaji. Filamu yake ya kwanza, Titicut Follies, ya 1967, aliirekodi ndani ya hospitali ya wafungwa wenye maradhi ya akili huko Bridgewater, Massachusetts. Wakuu walimpa kibali. Filamu ilipotoka na watu wakaona wagonjwa wakivuliwa nguo na kudhihakiwa, jimbo likaenda mahakamani. Hoja? Faragha ya wagonjwa. Mwaka 1968 jaji akaamuru nakala ziteketezwe. Mwaka uliofuata mahakama ya juu ikaruhusu itazamwe na madaktari, wanasheria na watu wa namna hiyo tu. Mwananchi wa kawaida, aliyekuwa akilipia hospitali ile kwa kodi yake, akasubiri hadi 1991.

Nani alikuwa akilindwa? Mgonjwa aliyesimama uchi, au mlinzi aliyemvua? Serikali ilijificha nyuma ya aibu ya mgonjwa, hilo ni wazi kwangu. Lakini mgonjwa naye alikuwa na aibu yake, ya kweli, na saini ya mkuu wa hospitali haikuwa yake. Yote mawili ni kweli, na mtu akikuambia jambo hili ni rahisi, ujue hajawahi kushika kamera.

Mimi nimejiwekea desturi, nanyi mtaipima. Mwananchi wa kawaida namwomba ridhaa mara mbili: kabla ya kurekodi, na tena baada ya kuona filamu iliyohaririwa. Akisema toa, natoa, hata kama ni kipande ninachokipenda kuliko vyote. Kiongozi anayezungumza kwenye kikao cha umma, kuhusu fedha za umma, hapati nafasi ya pili. Alisema mbele ya watu. Mwenye madaraka na asiye nayo kuwapa haki sawa ya kufuta si usawa, ni kumsaidia mwenye madaraka kufunika kombe.

Na vikao vyenyewe mhudhurie! Vijana hamvipendi, mnasema vinachosha. Vinachosha, ndiyo. Huyo huyo Wiseman mwaka 2020 alitoa filamu ya dakika 272 kuhusu ofisi za jiji la Boston, watu wanakaa, wanajadili, wanakaa tena. Mambo ya mtaa yanaamuliwa saa ile ambayo wapiga picha wamekwisha funga vifaa. Angalia mwenyekiti anaposoma ajenda fulani haraka kuliko nyingine. Angalia nani anamtazama karani wakati huo. Omba muhtasari wa kikao, omba mkataba, omba barua. Kamera bila makaratasi inashindwa na msemaji wa ofisi kwa dakika moja.

Kuhusu ushahidi nitasema kwa ufupi kwa sababu muda unakwenda. Errol Morris alikwenda Texas kwa ajili ya filamu nyingine kabisa, akakutana na mfungwa, Randall Adams, aliyehukumiwa kifo kwa mauaji ya polisi wa Dallas ya mwaka 1976, adhabu ambayo baadaye iligeuzwa kuwa kifungo cha maisha. Morris, aliyewahi kufanya kazi ya upelelezi binafsi, akafuata mashahidi mmoja mmoja, akawaacha waseme mpaka ushahidi wao ukaanza kujipinga. Katika mahojiano ya mwisho na kijana aliyemtia Adams hatiani, kamera ikaharibika. Ikabaki kinasa sauti tu. Ndiyo maana sehemu nzito kuliko zote katika The Thin Blue Line mtazamaji anaona kinasa sauti kikizunguka. Filamu ilitoka 1988. Adams akatoka gerezani 1989.

Mnapiga makofi, ngojeni. Baada ya kutoka, Adams alimpeleka Morris mahakamani. Alitaka haki ya hadithi ya maisha yake irudi kwake. Wakamalizana nje ya mahakama. Wengine husema mtu yule hakuwa na shukrani. Mimi simwoni hivyo. Ametoka kufungwa miaka mingi kwa sababu wengine walisimulia kisa chake wakakisimulia vibaya. Akasimuliwa tena vizuri. Sasa anataka akisimulie mwenyewe. Kosa liko wapi? Andikeni mapema, kwa lugha anayoielewa, nani anamiliki nini, na kitabu kikija au fedha zikija mtagawanaje.

Nimalizie kwa mambo ya kazi, maana kuna aliyeniandikia kikaratasi hapa akiuliza: onyesho la wenyewe linafanywaje? Usiliongoze wewe. Mtafute mtu wa hapo anayeheshimiwa na pande zote, na usimtafute kwa diwani. Wageni wakae nyuma, wafadhili wakae nyuma zaidi. Filamu ikiisha, wa kwanza kusema awe mtu aliyemo ndani yake. Afisa aseme baadaye, vinginevyo wote watajibu hotuba ya afisa badala ya filamu. Wanawake wakiwa kimya ukumbini, fanya onyesho la pili la wanawake peke yao, utasikia filamu nyingine kabisa. Rekodi majadiliano, kwa ruhusa. Acha nakala mtaani, mikononi mwa watu zaidi ya mmoja, kwa sababu nakala moja huibwa.

Na kiongozi aliyetajwa, mpe nafasi ya kujibu mbele ya kamera, jibu lote, bila kulichezea, kisha lipeleke kwa wananchi kama lilivyo. Akikataa, andika tarehe uliyomwomba, nani alipokea barua na alijibu nini, uiweke hiyo mwishoni mwa filamu kwa maandishi makubwa yanayosomeka kutoka mstari wa nyuma.

Mwenyekiti, naona maswali yameshaanza kupanga foleni.